Ambalal Sarabhai: Tajiri Aliyegomewa na Dada Yake

Leo katika ukurasa wetu wa maisha ya watu mashuhuri tunakwenda India, katika mji wa Ahmedabad, jimbo la Gujarat.

Huenda unadhani Gujarat ni mbali na sisi. Si mbali sana. Wahindi wengi wenye maduka Zanzibar, Mombasa, Dar es Salaam na Kampala, wazee wao walitoka pande hizo, wakavuka bahari kwa majahazi na baadaye kwa meli. Hata maneno mengine tunayoyatumia darasani, kama gari, chapati na laki, yalitufikia kutoka India. Kwa hiyo tunakwenda kwa jirani.

Kabla hatujaanza, nataka ufikirie jambo moja. Tuseme una dada yako. Anataka kusoma ng'ambo, nawe unamsaidia aende. Anasoma, anarudi nyumbani. Halafu siku moja wafanyakazi wa kiwanda chako wanagoma, na aliyesimama mbele yao akiwaongoza ni yule yule dada uliyemsaidia. Utafanya nini? Utamfukuza? Utaacha kusema naye?

Jambo hili lilimpata Ambalal Sarabhai kweli, mwaka 1918. Leo utasoma habari zake na za dada yake, Anasuya.

Watoto waliobaki yatima

Anasuya alizaliwa tarehe 11 Novemba 1885. Ambalal alizaliwa tarehe 23 Februari 1890. Kwa hiyo dada alimzidi ndugu yake kwa miaka minne na ushee. Walikuwa pia na mdogo wao wa kike. Ukoo wao ulikuwa wa matajiri wa siku nyingi, na dini yao ilikuwa ya Kijaini. Wajaini hawali nyama. Wanafundishwa wasimdhuru kiumbe chochote chenye uhai, hata mdudu. Likumbuke jambo hili, tutalirudia mara mbili.

Anasuya alipokuwa na miaka 9, baba na mama walikuwa wamekwisha kufariki. Ambalal alikuwa na miaka kama mitano tu. Watoto wote watatu walichukuliwa na ami yao, Chimanbhai, wakalelewa kwake.

Kama ilivyokuwa desturi ya wakati ule, Anasuya aliozwa akiwa na miaka 13. Ndoa ile haikudumu. Akarudi nyumbani. Siku hizo msichana aliyerudi kwao namna hiyo alionekana kama mtu ambaye maisha yake yamekwisha. Angekaa ndani, angesaidia kazi za nyumba, na hakuna ambaye angemuuliza anapenda nini.

Ambalal hakukubali dada yake aishie hapo. Yeye mwenyewe alikabidhiwa biashara ya ukoo akiwa bado kijana mdogo. Katika biashara hiyo kulikuwa na kiwanda cha nguo cha Calico, ambacho baadaye kilikuwa miongoni mwa viwanda maarufu vya India. Ahmedabad ulikuwa mji wa pamba. Kiwanda cha kwanza cha nguo kilifunguliwa hapo mwaka 1861, na baada ya hapo viliongezeka mpaka watu wakauita mji huo Manchester ya India.

Dada anakwenda London

Mwaka 1912, kwa msaada wa Ambalal, Anasuya alisafiri kwenda Uingereza. Alitaka kuwa daktari. Lakini alipofika alikuta kwamba wanafunzi wa udaktari walitakiwa kupasua wanyama ili kujifunza viungo vya mwili. Yeye ni Mjaini, hakuweza. Akaacha udaktari, akaingia London School of Economics, chuo ambacho mpaka leo kipo katikati ya London.

Huko alikutana na watu wenye mawazo mapya. Waingereza waliokuwa wakidai haki za maskini aliwasikiliza, na akawa pamoja na wanawake waliokuwa wakidai haki ya kupiga kura. Binti aliyeozwa akiwa mtoto aliona wanawake wakiandamana barabarani bila kuogopa polisi. Aliporudi Ahmedabad baada ya muda mfupi, hakuwa tena yule aliyeondoka.

Akafungua shule kwa watoto wa maskini. Hakubagua, wala hakuuliza mtoto ni wa tabaka gani. Alikuwa akiwaogesha watoto na kuwachana nywele yeye mwenyewe.

Asubuhi moja alikuwa uani akichana watoto nywele. Wakapita wanawake kama 15, wafanyakazi wa kiwandani, wakitembea kama watu walio usingizini. Akawauliza wana nini. Wakamjibu kwamba ndiyo kwanza wanatoka kazini, na kwamba wamefanya kazi saa 36 mfululizo, usiku mbili na mchana mmoja, bila kupumzika.

Mimi ni muuguzi, na zamu ya usiku ya saa 12 naijua inavyouchosha mwili. Zidisha mara tatu, halafu uongeze kelele za mashine na vumbi la pamba. Anasuya aliwaona wanawake wale, na kutoka siku hiyo akaamua kuwa atasimama na wafanyakazi wa viwanda. Naye alijua vizuri kwamba ndugu yake ni mmoja wa wenye viwanda hivyo.

Gari lililopiga honi

Usidhani kwamba Ambalal alikuwa mtu mbaya. Ukidhani hivyo hutaielewa habari hii. Nitakupa mfano mmoja.

Mwaka 1915 Mahatma Gandhi alirudi India kutoka Afrika Kusini, alikokaa miaka mingi. Akafungua makazi yake Kochrab, karibu na Ahmedabad, ambako watu waliishi pamoja, wakafanya kazi kwa mikono na kusali. Makazi ya namna hiyo huitwa ashram. Baada ya muda mfupi Gandhi alipokea familia moja ya watu walioitwa wasioguswa. Hao ni watu wa tabaka lililodharauliwa kuliko yote, ambao wengine waliamini kwamba ukiwagusa unanajisika. Matajiri waliokuwa wakitoa pesa za kuendesha ashram walikasirika. Wakaacha kutoa. Ikafika siku hapakuwa na pesa hata za mwezi unaofuata.

Basi gari likaja, likasimama nje, likapiga honi. Ndani yake alikuwemo tajiri mmoja ambaye Gandhi alikuwa amewahi kumwona mara moja tu. Aliuliza kama msaada wake utakubaliwa. Kesho yake, saa ile ile, gari likarudi, likapiga honi. Yule tajiri hakuingia ndani. Alimkabidhi Gandhi rupia 13,000, akaondoka zake. Pesa hizo zilitosha kwa mwaka mzima.

Gandhi alipoandika kisa hiki hakumtaja jina mtu huyo. Baadaye ilikuja kujulikana kwamba ni Ambalal Sarabhai. Wenzake wote walipoondoa mikono yao, yeye alitoa, na hakutaka kusifiwa.

Tauni, bonasi na bei ya chakula

Sasa tunafika kwenye ugomvi wenyewe. Soma polepole, maana kuna hesabu kidogo.

Mwaka 1917 ugonjwa wa tauni uliingia Ahmedabad. Tauni husambazwa na viroboto wanaotoka kwa panya, na wakati ule hapakuwa na dawa za kuiponya kama tulizo nazo leo. Watu walianza kukimbilia vijijini. Wenye viwanda wakaogopa kwamba mashine zitasimama, na ulikuwa wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, nguo zilikuwa na faida kubwa. Ili wafumaji wasikimbie, wakawapa nyongeza ya pesa iliyoitwa bonasi ya tauni. Kwa baadhi yao nyongeza hiyo ilifika asilimia 70 ya mshahara na zaidi.

Tauni ilipopungua, mwanzoni mwa mwaka 1918, wenye viwanda wakasema bonasi basi. Wafumaji wakasema haiwezekani. Kwa sababu ya vita bei ya chakula na ya kila kitu ilikuwa imepanda sana. Wakirudishiwa mshahara wa zamani, watakula nini? Wakadai nyongeza ya asilimia 50. Wenye viwanda wakasema asilimia 20, haizidi.

Tufanye mfano. Chukua mfumaji mwenye mshahara wa rupia 20 kwa mwezi. Kwa bonasi ya asilimia 75 alikuwa akipata rupia 35. Bonasi ikiondolewa anarudi kwenye 20. Wafumaji walitaka apewe 30. Wenye viwanda walikubali 24. Kati ya 24 na 30 ni rupia 6, na kwa nyumba yenye watoto rupia hizo 6 ni chakula cha siku nyingi.

Wafumaji walimwendea Anasuya awasaidie. Kundi la wenye viwanda liliongozwa na Ambalal. Hivyo ndivyo ndugu wawili waliolelewa nyumba moja walivyojikuta kila mmoja yuko upande wake.

Gandhi aliombwa aingilie kati. Alikuwa rafiki wa familia nzima. Anasuya alimheshimu kama mwalimu wake, Ambalal alikuwa rafiki yake, na mke wa Ambalal, Sarladevi, alimpenda kama ndugu. Kwanza walijaribu kuunda baraza la usuluhishi lenye watu wa pande zote mbili, lakini baadhi ya wafanyakazi waligoma kwa haraka kabla baraza halijakaa, na wenye viwanda wakajitoa. Gandhi akachunguza mishahara ya Ahmedabad na ya Bombay, akaangalia bei za vitu, akasema haki ni asilimia 35. Katika mfano wetu, hiyo ni rupia 27.

Wafumaji wakakubali kushuka kutoka 50 hadi 35. Wenye viwanda hawakukubali kupanda. Ambalal aliamini kwamba mambo ya mshahara ni kati ya mwenye kiwanda na watu wake, na watu wa nje hawana haki ya kuingia. Aliamini hivyo kwa moyo wake wote, haikuwa hila. Tarehe 22 Februari 1918 wenye viwanda wakafunga milango. Maelfu ya wafumaji wakawa hawana kazi.

Chini ya mti

Kila jioni wafumaji walikusanyika kando ya mto Sabarmati, chini ya mti wa jamii ya mgunga. Gandhi alikuja, na Anasuya alikuja. Tarehe 26 Februari wafumaji walikula kiapo kwamba hawatarudi kazini mpaka wapate asilimia 35, na kwamba hawatapigana, hawataiba, hawataharibu mali ya mtu. Kila siku ilitolewa karatasi ya kuwaeleza mambo yanavyokwenda, na jina la Anasuya ndilo lililokuwa juu yake.

Siku zikapita, njaa ikaingia majumbani. Gandhi hakutaka wafumaji wapewe sadaka, alitaka wale kwa jasho lao. Pale ashram palikuwa panajengwa, na msingi wa jengo moja ulihitaji mchanga wa kujazia. Basi wafumaji wakapewa kazi ya kubeba mchanga kutoka mtoni. Aliyetangulia mbele yao, akiwa na kikapu cha mchanga kichwani, alikuwa Anasuya. Binti wa tajiri, aliyesoma London, amebeba mchanga juani. Nyuma yake msururu wa watu ukapanda kutoka mtoni.

Tarehe 12 Machi wenye viwanda wakafungua milango na kutangaza kwamba anayekubali asilimia 20 arudi kazini. Wengine wakaanza kuyumba. Yakasikika maneno ya uchungu, kwamba Gandhi na Anasuya hawana shida, maana wanakuja kwa motokaa na wanakula vizuri, huku wafanyakazi wanakufa njaa.

Neno hilo lilimchoma Gandhi. Tarehe 15 Machi, mbele ya mkutano, alitangaza kwamba hatakula chakula mpaka jambo liishe. Machozi yalimtoka Anasuya. Wafumaji wakasimama, wakasema afadhali wafunge wao. Gandhi akakataa. Akawaambia wao washike kiapo chao tu.

Siku tatu

Sasa jiweke mahali pa Ambalal. Rafiki yako, uliyemsaidia alipoachwa na wote, hali chakula kwa sababu yako. Dada yako analia hadharani. Mke wako nyumbani ana huzuni. Na wewe bado unaamini kwamba wewe ndiye uliye sawa.

Gandhi mwenyewe aliona ubaya wa jambo hilo. Aliandika baadaye kwamba mfungo wake ulikuwa na kasoro, kwa sababu wenye viwanda walikuwa rafiki zake na wasingeweza kumwangalia tu akidhoofika. Alitaka wakubali kwa sababu ya haki ya wafumaji. Badala yake waliona kwamba wanakubali kwa ajili yake. Walimweleza hivyo bila kuficha, wala hakukasirika.

Baada ya siku tatu, tarehe 18 Machi, mapatano yalipatikana. Siku ya kwanza ya kurudi kazini wafumaji walipwe nyongeza ya asilimia 35, ili kiapo chao kisivunjike. Siku ya pili walipwe asilimia 20, ili neno la wenye viwanda nalo lisivunjike. Kuanzia siku ya tatu walipwe asilimia 27 na nusu, yaani katikati, mpaka msuluhishi atoe uamuzi. Msuluhishi alikuwa msomi mmoja aliyeheshimiwa na pande zote, Anandshankar Dhruva. Baada ya miezi kadhaa aliamua asilimia 35. Wafumaji walipata walichokiapia.

Peremende kwa Ambalal

Kuna kisa kimoja cha siku ya mapatano ambacho watoto mtakipenda. Wenye viwanda walinunua peremende na vitamutamu vingi wawagawie wafumaji wote chini ya ule mti. Lakini habari ilienea, na maskini na ombaomba wa Ahmedabad nao wakaja mbio. Watu wakasukumana, vitu vikamwagika, vingine vikakanyagwa. Ikabidi ugawaji usimamishwe.

Peremende zilizobaki zilipelekwa wapi? Zilipelekwa kwenye nyumba ya Ambalal iliyokuwa mtaa wa Mirzapur. Kesho yake wafumaji wakaingia uani kwa mtu waliyemgomea kwa wiki kadhaa, wakagawiwa kwa utulivu.

Baada ya mgomo

Katika nyumba nyingi, ugomvi kama huu ungekuwa mwisho wa undugu. Tunazijua familia ambazo ndugu hawasemezani miaka 20 kwa sababu ya kiwanja au pesa za msiba. Ambalal na Anasuya hawakufika huko. Hakuna aliyebadili mawazo yake kumfurahisha mwenzake. Anasuya aliendelea kuwatetea wafanyakazi, na Ambalal aliendelea kuendesha viwanda. Lakini waliendelea kuwa dada na kaka.

Mwaka 1920 chama cha wafanyakazi wa viwanda vya nguo vya Ahmedabad kiliundwa rasmi. Kwa Kigujarati kinaitwa Majoor Mahajan. Anasuya akawa rais wake, na wafanyakazi wakamwita Motaben, maana yake dada mkubwa. Chama hicho kilifungua shule na kuwatibu wagonjwa, na kilikaa mezani na wenye viwanda kila ulipotokea mgogoro. Ule utaratibu wa kumwita msuluhishi, ambao ulianza mwaka 1918, ukawa desturi ya mji ule kwa miaka mingi. Na kutoka katika idara ya wanawake ya chama hicho kilizaliwa, mwaka 1972, chama cha SEWA cha wanawake wanaojiajiri wenyewe, ambacho leo kina wanachama wengi sana India. Anasuya alifariki mwaka huo huo.

Gandhi na Ambalal nao walibaki marafiki. Mwaka 1926 Ambalal aliingia matatani. Mbwa wa mitaani wapatao 60 walikuwa wamejaa kiwandani kwake, na ilihofiwa kwamba wana kichaa. Akaamuru wauawe. Kwa Mjaini hilo ni jambo zito, kama nilivyokueleza mwanzo, na mji mzima ulimkasirikia. Kichaa cha mbwa kikishaonyesha dalili kwa mtu, kupona ni vigumu mno, hata leo. Gandhi, ambaye alifundisha watu wasidhuru kiumbe, alimtetea katika gazeti lake. Alisema hakuona njia nyingine ambayo mwenye kiwanda angeweza kufuata. Yule aliyempinga mwaka 1918 ndiye aliyesimama naye mwaka 1926.

Nyumba yenye shule ndani

Ambalal na Sarladevi walipata watoto wanane. Waliishi katika nyumba kubwa iliyoitwa The Retreat, mtaa wa Shahibaug. Hawakupenda shule za wakati ule, ambazo mtoto alikaririshwa na kuchapwa. Wakaanzisha shule ndani ya nyumba yao kwa ajili ya watoto wao tu, na walimu wengine waliletwa kutoka Ulaya. Wageni wakubwa walifikia pale, akiwemo mshairi Rabindranath Tagore. Wasichana walisoma sawa na wavulana.

Tazama walivyokua. Mridula, binti mkubwa, aliingia katika harakati za kudai uhuru wa India akafungwa jela, na mwaka 1947, India na Pakistan zilipogawanyika, alikuwa mstari wa mbele kuwaokoa wanawake waliotekwa katika ghasia zile. Gautam na dada yake Gira walianzisha jumba la makumbusho ya nguo, Calico Museum, mwaka 1949. Leena alifungua shule iitwayo Shreyas. Na Vikram alisoma Cambridge akawa mwanasayansi. Mwaka 1947 alianzisha maabara ya fizikia Ahmedabad, na wazazi wake walisaidia kwa pesa za mfuko wa familia. Ndiye anayeitwa baba wa safari za anga za India. Tarehe 21 Novemba 1963 roketi ya kwanza ilirushwa kutoka Thumba, kusini mwa India. Ambalal alikuwa bado hai.

Watoto hao walikuwa na baba aliyeongoza wenye viwanda na shangazi aliyeongoza wafanyakazi. Waliwapenda wote wawili. Nadhani jambo hilo liliwafundisha zaidi kuliko walimu wa Ulaya.

Ambalal Sarabhai alifariki tarehe 13 Julai 1967, akiwa na miaka 77. Alikuwa amepanua biashara ya familia ikaingia katika dawa na kemikali. Lakini kiwanda cha Calico hakipo tena. Kilifungwa katika miaka ya 1990, kama vilivyofungwa viwanda vingi vya Ahmedabad. Makumbusho ya nguo bado yapo, na yamo ndani ya uwanja wa ile nyumba ya The Retreat. Ukienda Ahmedabad na wazazi wako, unaweza kuingia ukaona vitambaa vya karne nyingi.

Tunajifunza nini?

Wahenga wetu walisema: ndugu wakigombana, chukua jembe ukalime, wakipatana, chukua kikapu ukavune. Maana yake, usiingilie ugomvi wa ndugu ukidhani ni wa milele. Watapatana, na wewe utabaki na aibu yako. Wafumaji wa Ahmedabad waliliona hilo walipoitwa kula peremende uani kwa Ambalal.

Lakini mimi nataka uone na upande mwingine. Kupatana hakukuwa na maana kwamba Anasuya anyamaze kwa sababu tu Ambalal ni ndugu yake na alimsaidia kwenda kusoma. Msaada wa ndugu si kamba ya kumfungia mtu. Ambalal alimpa dada yake elimu, na elimu ile ikampa dada macho ya kuona kosa la ndugu yake. Naye hakumdai arudishe.

Wazazi wenzangu, sisi tunawasomesha watoto wetu huku ugenini kwa shida, kwa zamu za usiku na kazi mbili mbili. Iko siku mtoto atarudi na mawazo ambayo hatukuyatarajia, na atayasema mbele yetu. Si lazima tukubaliane naye. Lakini mlango wa nyumba uwe wazi, na sahani yake iwe mezani.

Maswali ya kuzungumza nyumbani

1. Kwa nini Anasuya aliacha kusomea udaktari?
2. Bonasi ya tauni ilitolewa kwa sababu gani, na kwa nini wafumaji hawakutaka iondolewe?
3. Mfumaji mwenye mshahara wa rupia 40 angepata ngapi kwa nyongeza ya asilimia 35? Na kwa asilimia 20?
4. Gandhi alisema mfungo wake ulikuwa na kasoro. Unakubaliana naye? Eleza.
5. Muulize babu, bibi au mzazi wako: katika ukoo wetu kuna ndugu waliowahi kugombana wakapatana? Walipatanaje? Andika sentensi tano kwa Kiswahili, uje nazo Jumamosi.